Alama Chini ya Karatasi: Mapatano ya Wamaasai ya 1904 na 1911 Yanatufunza Nini?



Siku moja nilikaa chini ya mti na kikundi kimoja cha akina mama na wazee katika nchi ya wafugaji. Tulikuwa tumemaliza habari za mbuzi na vitabu vya hesabu. Kabla ya kufunga mkutano, katibu akatoa karatasi ndani ya mfuko wa nailoni. Zilikuwa kurasa kumi na moja, zote Kiingereza. Zililetwa na watu waliokuja na gari, wakasema wanataka mapatano na kikundi juu ya malisho, kwa miaka thelathini. Kila mwaka kikundi kingepata pesa. Ukurasa wa mwisho ulikuwa na mistari mitupu ya kuweka sahihi, na kwa wasiojua kuandika waliacha kidau cha wino.

"Walisema watarudi Alhamisi," katibu akasema.

Mzee mmoja alikuwa amenyamaza tangu asubuhi. Akasema, "Mama, hata babu zetu waliletewa karatasi. Ile ilikuwa ya miaka 99. Ikaisha mwaka 2004, vijana wakaenda kudai, wakapigwa."

Nikamwuliza, "Mzee wangu, hiyo karatasi umeiona wewe?"

"Sijaiona. Lakini kila mtu anajua."

Mzee huyu hakusema uongo kwa kupenda. Maneno hayo ya miaka 99 yamesemwa sana, sokoni, kwenye mikutano na hata magazetini. Lakini maneno ya karatasi hiyo yapo mpaka leo, na hayasemi miaka 99. Yanasema jambo kubwa zaidi. Ndiyo maana nimeona tuzungumze habari hii katika toleo hili. Hata kama wewe si Mmaasai, na hata kama kikundi chenu kinalima viazi tu, soma mpaka mwisho. Karatasi bado zinaletwa.

MAPATANO NI NINI?

Watu wawili wakiuziana ng'ombe wanapatana. Lakini kuna mapatano mengine makubwa, yale kati ya serikali na watu waliokuwa wakikaa katika nchi kabla ya serikali hiyo kuja. Watu hao walikuwa na wazee wao, sheria zao na mipaka yao. Serikali ikifika inahitaji ardhi, au njia, au amani. Basi inakaa chini na viongozi wa watu wale, maneno yanaandikwa, na kila upande unaweka alama.

Mapatano ya namna hii yalifanywa sehemu nyingi za dunia. Mengi yanafanana kwa jambo moja: upande mmoja ulikuwa na kalamu na bunduki, upande wa pili ulikuwa na ardhi. Hapa kwetu Kenya mapatano yanayojulikana zaidi ni yale ya Wamaasai na serikali ya Mwingereza, ya mwaka 1904 na ya mwaka 1911.

HALI ILIKUWAJE KABLA YA 1904?

Zamani Wamaasai walilisha mifugo kuanzia Laikipia, kupita Nakuru na Naivasha, hadi kusini ndani ya Tanzania ya leo. Hata majina ya mahali yanashuhudia. Nairobi ni neno la Kimaasai la maji baridi.

Katika miaka ya 1890 yaliwapata mambo mazito. Sotoka iliua ng'ombe wengi mno. Ndui ikaua watu. Tena, baada ya kufa oloiboni mkubwa Mbatiany, wanawe wawili, Olonana na Sendeyo, waligombana na watu wakagawanyika. Ndipo Mwingereza alipofika, akawakuta wamechoka. Olonana alifanya urafiki na serikali hiyo mpya.

Mwaka 1901 reli kutoka Mombasa ilifika ziwa Victoria. Ilikuwa imekula pesa nyingi. Serikali ikaona ni lazima ipate watu wa kulima na kusafirisha mazao ili reli ijilipe. Ikaanza kuwaita wazungu waje kufanya makao. Masetla hao walipoangalia, ardhi waliyoitamani ilikuwa kando ya reli, Naivasha na Nakuru, yenye nyasi nzuri na maji. Hapo palikuwa pa Wamaasai.

KARATASI YA KWANZA: 1904

Mwezi wa Agosti 1904 mapatano ya kwanza yaliandikwa. Upande wa serikali alikuwa Kamishna Sir Donald Stewart. Upande wa Wamaasai alikuwa Olonana, ambaye Waingereza waliandika jina lake Lenana, pamoja na viongozi wengine. Karatasi ilikuwa ya Kiingereza. Wamaasai walielezwa kupitia kwa wakalimani, kisha wakaweka alama.

Karatasi ilisema hivi, kwa maneno yangu:

Kwanza, kwamba Wamaasai wameamua wenyewe, kwa hiari yao, kuhama karibu na reli na kuacha ardhi itakayofunguliwa kwa wazungu.

Pili, kwamba watakaa katika sehemu mbili. Moja ni kaskazini, Laikipia. Nyingine ni kusini ya reli.

Tatu, kwamba kutakuwa na njia ya kuunganisha sehemu hizo mbili, yenye maji, ili watu na mifugo waweze kutembeleana.

Nne, kwamba watabakiziwa mahali pa kufanyia sherehe za tohara, maili tano mraba, huko Kinangop.

Tano, kwamba setla yeyote hataruhusiwa kuchukua ardhi katika sehemu hizo mbili, na kwamba mapatano yatadumu muda wote Wamaasai watakapokuwapo kama kabila.

Someni tena hilo la tano. Haisemi miaka 99. Inasema maadamu Wamaasai wapo. Na Wamaasai wapo hadi leo.

Je, hizo 99 zilitoka wapi? Sheria ya ardhi ya mwaka 1902 iliruhusu masetla kukodishwa ardhi ya serikali kwa miaka 99. Mwaka 1915 sheria mpya ikaongeza ikawa miaka 999. Hizo zilikuwa hati za setla na serikali yake, Mmaasai hakuwamo. Inaonekana kwa miaka mingi mambo mawili yalichanganywa yakawa moja. Si ajabu, maana karatasi yenyewe wengi hawakuwahi kuisoma.

NANI ALIKUWA NA HAKI YA KUWEKA ALAMA?

Hapa tusimame kidogo, kwa sababu hapa ndipo vikundi vyetu vingi pia huanguka.

Serikali ilimchukua Olonana kuwa chifu mkuu wa Wamaasai wote. Lakini kwa desturi ya Wamaasai, oloiboni si mfalme wala si mwenye ardhi. Kazi yake ni ya dua, kubariki na kutabiri. Mambo ya watu wote yalizungumzwa na wazee, na kila rika lilikuwa na msemaji wake anayeitwa olaiguenani. Naye msemaji alisema yale ambayo watu wake walikuwa wamekubali katika kikao. Kwa hiyo serikali ilitafuta mtu mmoja wa kusema naye kwa sababu ilikuwa rahisi kwake. Ikamtengenezea cheo, kisha ikamwambia, "Weka alama kwa niaba ya wote."

Ninyi mnajua jambo hili. Mtu akija na haraka yake, hapendi kusubiri mkutano mkuu. Anamtafuta mwenyekiti peke yake, anamnunulia soda.

KARATASI YA PILI: 1911

Haikupita hata miaka saba. Masetla waliongezeka na Laikipia nayo ikatamaniwa. Ile njia ya kuunganisha kaskazini na kusini haikuwahi kufanya kazi kama ilivyoahidiwa. Serikali ikaanza kusema kwamba ni vizuri Wamaasai wote wakae mahali pamoja, kusini.

Kiongozi mkubwa wa Wamaasai wa Laikipia alikuwa Ole Gilisho, ambaye Waingereza waliandika Legalishu. Huyu hakutaka kuhama. Mwezi wa Machi 1911 Olonana alifariki. Maofisa walieleza kwamba kabla ya kukata roho aliacha wosia watu wa kaskazini wahamie kusini. Wamaasai wengi hawakuamini kamwe kwamba aliyasema hayo. Mwezi uliofuata, tarehe 4 Aprili 1911, wakati wa Gavana Sir Percy Girouard, mapatano mapya yaliwekwa alama. Ya 1904 yakafutwa. Laikipia ikaenda kwa masetla, na sehemu ya kusini ikapanuliwa.

Sasa fikirini ninyi wenye mifugo. Watu wasiopungua 10,000, ng'ombe zaidi ya laki moja na kondoo wengi ajabu, wote wanaambiwa wahame kutoka Laikipia kwenda kusini, wakipanda na kushuka milima ya Mau. Mvua na baridi viliwakuta njiani, mifugo ikafa, na watu pia wakafa. Mwaka 1911 safari ilisimamishwa kwa sababu ya shida hizo. Baadaye ikaanza tena, ikamalizika mwaka 1913. Walikofika waliona maji ni haba mahali pengi, na penye nyasi palikuwa na mbung'o na kupe wa kuua ng'ombe.

WAKAENDA KORTINI

Wengi wetu hudhani wazee wa zamani walikubali tu. Si kweli. Wamaasai walitafuta loya Mombasa, wakauza ng'ombe kumlipa, wakaishtaki serikali katika High Court. Aliyetangulia katika orodha ya washtaki aliandikwa kortini kwa jina la Ol le Njogo. Walisema mambo matatu. La kwanza, waliokubali mapatano ya 1911 hawakuwa na haki ya kuwafunga watu wote wa Laikipia. La pili, kwa hiyo mapatano ya 1904 bado yako hai. La tatu, walipwe mifugo yao iliyokufa.

Korti ikatoa uamuzi mwaka 1913. Haikusema Wamaasai ni waongo. Ilisema haiwezi kuisikiza kesi. Sababu yake ni kwamba nchi hii wakati huo ilikuwa himaya ya Mwingereza, si koloni lake kamili, kwa hiyo kisheria ilikuwa nchi ya kigeni, na Wamaasai hawakuwa raia wa Mfalme. Basi karatasi ile ilikuwa mapatano ya taifa na taifa, na mambo ya taifa na taifa hayaamuliwi na korti ya kawaida. Wakakata rufaa, na mwisho wa mwaka huohuo rufaa ikatupwa.

Nitaeleza kwa mfano. Jirani amechukua shamba lako kwa ahadi, kisha ahadi ameivunja. Unaenda kwa chifu. Chifu anakuambia, "Wewe na jirani yako ni wakubwa sana, ninyi ni kama wafalme wawili. Mambo ya wafalme siyawezi. Rudi nyumbani." Unafurahi kuitwa mfalme, lakini shamba limekwenda. Na chifu mwenyewe ni ndugu ya jirani.

Mwaka 1920 nchi ikafanywa koloni, watu wote wakawa chini ya sheria za Mwingereza. Lakini hapo Laikipia ilikuwa imekwisha kugawanywa.

Si wazungu wote walionyamaza. Daktari mmoja wa serikali, Norman Leys, alipinga uhamisho huo na kuandika barua kwa watu wakubwa Uingereza. Akahamishwa kutoka Kenya. Mwaka 1924 alichapisha kitabu kuhusu mambo yaliyokuwa yakifanyika hapa.

MADHARA YALIENDELEA HADI LINI?

Wengine huuliza, "Mambo ya zaidi ya miaka mia yanatuhusu nini?" Tuangalie.

Jambo la kwanza ni kiangazi. Mfugaji anahitaji malisho ya mvua na malisho ya ukame. Laikipia na nyanda za juu za Bonde la Ufa zilikuwa akiba yao ya wakati mgumu. Akiba ilipoondolewa, kila ukame ukawa mkali zaidi kuliko ule ambao babu zao walijua. Watu wakalaumiwa kwamba wana ng'ombe wengi mno, na hakuna aliyesema kwamba malisho yalipunguzwa.

Jambo la pili ni kesi isiyoisha. Tume ya Ardhi iliyoongozwa na Sir Morris Carter ilipokuja mwaka 1932, Wamaasai walipeleka malalamiko yao. Hawakurudishiwa ardhi. Mwaka 1962, kule Lancaster House London, wakati uhuru wa Kenya ulipozungumzwa, wajumbe wa Wamaasai waliyataja mapatano tena. Hawakupata walichotaka. Baada ya uhuru, ardhi nyingi ya masetla iliuzwa kwa mwenye pesa za kununua, na mfugaji hakuwa na pesa hizo.

Jambo la tatu ni ardhi iliyobaki. Mwaka 1968 ilitungwa sheria ya kuandikisha ardhi ya wafugaji kama ranchi za vikundi, zile za group ranch. Kamati ndogo ikashika hati kwa niaba ya wote. Baadaye ranchi nyingi zikagawanywa vipande, na vipande vingi vikauzwa. Katika sehemu nyingine wanakamati walijikatia kwanza sehemu nzuri, na wajane na vijana wakaachwa. Mnaona? Mambo ya 1904 yalijirudia, mara hii sisi kwa sisi. Wachache walishika kalamu kwa niaba ya wengi.

Jambo la nne ni damu. Mwezi wa Agosti 2004 watu waliandamana Nairobi na wengine wakaingiza mifugo katika ranchi za Laikipia, wakisema miaka 99 imekwisha. Polisi waliwazuia kwa nguvu. Mzee mmoja alipigwa risasi akafa huko Laikipia. Serikali ikajibu kwamba hati za ranchi hazijaisha, maana ni za miaka 999. Mwaka 2017, wakati wa ukame, Laikipia iliwaka tena, wafugaji wa makabila mbalimbali wakaingia mashambani, watu wakafa.

Hebu fikiri. Kama mwaka 2004 watu wangesimama na karatasi yenyewe mkononi, wangeuliza swali lingine. Wasingeuliza, "Kwa nini hamtoki na muda umeisha?" Wangeuliza, "Mlisema maadamu tupo. Tupo. Kwa nini mlivunja baada ya miaka saba?" Swali hilo ni gumu kulijibu kuliko lile la 99. Lakini walikosa karatasi, wakabaki na habari ya kusikia. Sisemi wangepewa ardhi siku hiyo. Nasema hoja yao nzuri iliachwa nyumbani.

SI WAMAASAI PEKE YAO

Huko New Zealand, tarehe 6 Februari 1840, machifu wa Wamaori walianza kuweka sahihi kwenye Mapatano ya Waitangi na Mwingereza. Zaidi ya machifu 500 waliweka sahihi, karibu wote kwenye karatasi ya Kimaori. Lakini karatasi ya Kiingereza haikusema sawasawa na ya Kimaori. Kwa Kiingereza machifu walikuwa wanatoa mamlaka yote. Kwa Kimaori walikuwa wanampa mzungu ruhusa ya kusimamia utawala tu, na wao wabaki wakuu wa ardhi zao. Mabishano ya neno hilo moja yanaendelea mpaka sasa. Mwaka 1975 nchi hiyo iliunda baraza maalum la kusikiza malalamiko juu ya mapatano hayo, na mwaka 1985 baraza likapewa nguvu ya kurudi nyuma hadi 1840. Wamaori wengi wamepata fidia na ardhi kidogo kwa njia hiyo.

Marekani nako, mwaka 1868 serikali iliahidi Wahindi Wekundu wa Sioux kwamba milima ya Black Hills ni yao. Dhahabu ikapatikana, na mwaka 1877 serikali ikaichukua. Mwaka 1980 Mahakama Kuu ya Marekani ikakubali kwamba walipwe zaidi ya dola milioni 100. Wamekataa kuzichukua pesa hizo. Wanasema milima haikuwa ya kuuzwa.

Hata hapa kwetu milango imefunguka kidogo. Ile korti ya 1913 ilisema haiwezi kusikiza. Lakini mwaka 2010 Waendorois wa ziwa Bogoria walishinda mbele ya Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu. Mwaka 2017 Waogiek wa Mau walishinda katika Mahakama ya Afrika kule Arusha, na mwaka 2022 mahakama hiyo ikaamuru walipwe fidia na kurudishiwa ardhi ya mababu. Kutekeleza hukumu hizi kumekuwa kwa mwendo wa kinyonga. Hata hivyo waliandikiwa wazi kwamba walidhulumiwa, na walishinda kwa sababu walitunza ushahidi na wakakaa pamoja miaka mingi.

SHERIA YA SASA INASEMAJE?

Katiba ya 2010, Kifungu cha 63, inatambua ardhi ya jamii. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 imechukua mahali pa ile ya ranchi za vikundi. Jueni mambo haya mawili:

Kamati ya kusimamia ardhi ya jamii ina watu kuanzia 7 hadi 15, nayo inachaguliwa na mkutano wa jamii. Kamati si mwenye ardhi. Jamii ndiyo yenye ardhi, wanawake na vijana wenye umri wa watu wazima wakiwamo.

Mapatano na mtu wa nje anayetaka kufanya mradi katika ardhi ya jamii ni lazima yakubaliwe na theluthi mbili ya watu wazima wa jamii hiyo katika mkutano ulioitwa kwa ajili hiyo. Mwenyekiti peke yake, hata akiwa na mhuri, hawezi.

Tena wanaokuja siku hizi kwa habari ya kaboni, yaani kulipia hewa inayosafishwa na miti na nyasi, wamewekewa sheria mwaka 2023. Ni lazima waandikiane na jamii mapatano ya maendeleo ya jamii, yakionyesha jamii itapata nini kila mwaka.

KABLA YA KUWEKA KIDOLE

Vikundi vingi vimeniuliza wafanye nini wakiletewa karatasi. Nawapa haya, mwandike kwenye daftari la kikundi:

1. Karatasi isomwe yote kwa sauti, kwa lugha ambayo nyanya aliyeketi nyuma anaielewa. Mkalimani awe wenu, si wa mgeni.

2. Mwulize inaisha lini, na nani anaweza kuivunja. Kama hakuna tarehe ya mwisho, wajukuu wenu ndio watakaolipa.

3. Andikeni ahadi za mdomo. Ile njia ya 1904 iliandikwa na bado haikufanya kazi. Je, ile isiyoandikwa kabisa?

4. Mwulize tukikosana tutaamuliwa wapi. Kama korti iko ng'ambo, mtafikaje huko?

5. Mtu mmoja asiweke sahihi kwa niaba ya wote kabla ya mkutano mkuu. Waliohudhuria waandikwe majina, pamoja na waliokataa.

6. Bakini na nakala. Moja kwa katibu, moja kwa mweka hazina, moja mahali pengine salama. Nyumba ya nyasi huungua.

7. Anayesema "leo au basi" mwambieni basi. Ardhi haikimbii.

ALHAMISI ILIPOFIKA

Mtataka kujua kikundi kile kilifanya nini. Tulimwomba mwalimu mmoja kijana wa kijiji atusomee, ukurasa kwa ukurasa, kwa Kiswahili na kwa Kimaasai. Ilichukua mchana mzima. Katika ukurasa wa saba tulikuta maneno kwamba miaka thelathini ikiisha, mapatano yataendelea yenyewe kwa thelathini mingine, isipokuwa kikundi kimeandika barua ya kukataa mwaka mmoja kabla. Kati ya wale waliokaa chini ya mti, wangapi watakuwa hai kuandika barua hiyo?

Wageni walipokuja Alhamisi, mwenyekiti, ambaye ni mama, aliwakaribisha chai. Halafu akawaambia, "Karatasi yenu tumeisoma. Tunataka ya Kiswahili, tunataka ukurasa wa saba ubadilishwe, na tutaita mkutano wa watu wote baada ya mvua." Hawakufurahi. Waliondoka na kidau chao cha wino. Kikundi kilikuwa bado kinangoja jibu nilipoondoka. Labda watarudi na karatasi nzuri zaidi, maana kikundi hakikatai pesa. Labda hawatarudi.

Yule mzee aliniomba nimwandikie kwa Kiswahili yale maneno ya 1904 juu ya muda wa mapatano. Nikamwandikia. Akakunja karatasi, akaitia ndani ya shuka, akasema atawasomea vijana.

MASWALI YA KUZUNGUMZA KATIKA KIKUNDI

1. Je, katika kijiji chetu kuna mapatano juu ya ardhi, maji au msitu ambayo sote tunayasema lakini hakuna aliyeyasoma? Nani anaweza kuitafuta karatasi?

2. Kikundi chetu kinamruhusu nani kuweka sahihi? Je, jambo hilo limeandikwa katika katiba ya kikundi?

3. Wanawake na vijana wetu huitwa lini, kabla ya uamuzi au baada yake?

4. Kama watu wa 1904 wangepata nafasi ya kuuliza swali moja kabla ya kuweka alama, mnadhani wangeuliza nini?

Mkimaliza kuzungumza, andikeni majibu yenu na kuyahifadhi pamoja na kumbukumbu za mkutano. Kwa leo nakomea hapa. Kaeni salama.